Kikapu cha Bi Mwanawema

Mkunazini, Unguja
9 Februari 1959

Dada Kazija,

Salamu kwako na kwa wote wa nyumbani. Najua ukiiona bahasha hii utasema, "Huyo kakumbuka kuwa ana kwao." Sema, nastahiki. Tangu nirudi kutoka Bombay na shahada yangu nimekanyaga Msuka mara moja tu, na mara hiyo nililala siku mbili nikaondoka kama mgeni. Kila nikipanga safari huzuka kesi, na wakili mchanga akikataa kesi moja hapewi ya pili.

Sasa nina habari ya kukufurahisha. Nimepata kazi ambayo mawakili wakubwa wa hapa wanaidharau, na mimi nimeidaka kwa mikono miwili: sheria za magari ya kukodi. Nani achukue abiria, wapi, kwa leseni gani. Wakubwa wanataka kesi za mirathi na mashamba. Mimi nasema mashamba hayaongezeki, magari ndiyo kwanza yanakuja. Wenye teksi na mabasi ya Pemba wameunda chama, na wamenichukua mimi kuwa wakili wao. Kilio chao ni kwamba malori ya mizigo yanawanyang'anya abiria.

Kesi ya kwanza ni kupinga leseni ya lori moja isitolewe tena. Baraza la leseni litakaa Chake Chake tarehe tano mwezi ujao. Mwenye lori unamjua, Mabruki Nyange wa Konde. Yule tuliyesoma naye chuoni, aliyekuwa akininong'oneza aya nikisahau. Sikupenda kuliona jina lake kwenye jalada, lakini kazi haichagui jina.

Nikimaliza Chake nitapanda huko juu tuvunje jungu pamoja kabla ya kufunga. Mwambie mama. Na wewe mbona kimya tangu msimu wa karafuu? Mama hajambo?

Mdogo wako,
Othman


Msuka, Pemba
17 Februari 1959

Mdogo wangu Othman,

Waalaykum salaam. Ndiyo, nilisema hivyo hivyo, na mama akanicheka.

Mama hajambo. Anasali, anakula, anagombana na kuku. Kimya changu kilikuwa cha kazi tu. Karafuu zilikubali mwaka huu na mikono ilikuwa michache, jioni nikishika kalamu nasinzia nayo.

Kuhusu hiyo kesi. Huwezi kumpa mwengine? Mawakili wa Unguja hawajesha. Mabruki ni mtu mwema, akipita huku kaskazini na lori lake watu humpungia mkono kama anapita shehe. Sisemi zaidi, mimi sikusoma sheria. Nilipomsomea mama barua yako akasema, "Mwambie kazi yake aifanye, lakini asinchimbe ntu kwa jambo asilolijua."

Nilikuwa na neno jingine la kukuandikia, nimeliacha. Ukija tutazungumza. Mama ameshaanza kupanga jungu, na mimi ndiye nitakayekaangishwa.

Dada yako,
Kazija


Mkunazini, Unguja
8 Machi 1959

Dada Kazija,

Nimeshinda.

Kwanza nisamehe, sikufika. Baraza lilimaliza alasiri, meli ilikuwa iondoke Mkoani asubuhi ya pili yake, na watu wa chama walikuwa wamenipikia Chake, nikaona haya kuwakataa. Mwambie mama nitakuja kwa Sikukuu, au baada yake.

Lakini ungenisikia! Mashahidi wetu wawili, mmoja ni Duni mwenye teksi ya Konde, waliapa kwamba msimu wa karafuu walimwona Mabruki akitoka kaskazini, juu ya magunia kuna kitanda, na kitandani mgonjwa amefunikwa shuka gubigubi. Wiki chache baadaye wakamwona akipokea kikapu: mchele, mayai, kuku wawili waliofungwa miguu na kikoi kipya. Mabruki hakukana. Alisema mgonjwa alimchukua kwa ihsani, na kikapu kilikuja baadaye kwa desturi, kwa sababu aliyebebewa mgonjwa wake haiachi mikono ya mbebaji irudi mitupu.

Mwenyekiti ni Mzungu, na nilimwona anaanza kutikisa kichwa kwa kuridhika. Kesi inaniponyoka. Nikasimama nikamwuliza Mabruki, mgonjwa huyo ni nani? Akanitazama. "Ntu mgonjwa ana kwao, Sheikh Othman. Mie sintaji." Nikamwuliza mara tatu, na mara tatu akanipa jibu lile lile. Nikaliambia baraza kwamba asiyetaka kumtaja mmoja ana wengi wa kuwaficha.

Kisha nikafunga hoja. Nilisema mimi ni mzaliwa wa Msuka na desturi ya kikapu naijua, ni ya watu wa asili ya kisiwa hiki, wanaobebeana wagonjwa kwa udugu. Huyu babu yake alitoka bara kuja kutafuta kazi. Udugu huo ataupata wapi? Kwake kikapu ni ujira tu, kimevishwa kanzu ya desturi. Mwenyekiti akayaandika kitabuni neno kwa neno. Leseni haikutolewa, na ikaandikwa kwamba Mabruki Nyange ni mtu asiyeaminika kiapo chake.

Hayo ya babu yake yalinikwama kidogo nilipokuwa nayatamka. Ulimi hauna mfupa, dada, na mbele ya baraza ndiyo kabisa. Mabruki alivaa kofia yake, akaja akanipa mkono, akatoka. Mpaka sasa sijui kwa nini alinipa mkono.

Ramadhani njema kwenu nyote.

Othman


Msuka, Pemba
2 Aprili 1959

Othman,

Tumo katika mwezi mtukufu na sitaki kuandika maneno ya kuniharibia saumu yangu.

Barua yako nilimsomea mama. Nilipofika pale pa babu yake Mabruki alinyanyua mkono ninyamaze. Hakuniuliza kilichobaki. Jungu alilipika, akakungoja mpaka magharibi, tukalila sisi na jirani.

Lori la Mabruki limesimama mbele ya nyumba yake Konde, kuku wanatagia ndani. Yeye mwenyewe ni hamali bandarini Mkoani, anarudi kwake siku za Ijumaa.

Usituandikie tena habari za ushindi wako.

Kazija


Mkunazini, Unguja
21 Novemba 1959

Dada yangu,

Nimeandika mara mbili hukunijibu. Najua mmenikasirikia kwa ajili ya jungu, na haki yenu. Mtoto anayemngojesha mama yake mpaka magharibi hana la kujitetea. Ndani ya mzigo huu kuna shali ya mama na doti ya kanga yako. Usiniambie kuwa najipendekeza. Najipendekeza.

Nina habari, na utanisamehe kuwa ni za kazi tena, sina nyingine. Baraza limependezwa na ile hoja yangu ya Chake. Wameniomba niwaandikie kanuni mpya za magari ya kukodi kwa visiwa vyote viwili, na kuanzia Januari nitakuwa mshauri wao wa sheria. Fikiri, mtoto wa Msuka anakaa kulia kwa mwenyekiti! Mawakili wale walionicheka sasa wananiamkia wao kwanza.

Kifungu ninachojivunia ni cha saba. Kinasema kwamba yeyote asiye na leseni ya abiria akimchukua mtu, na akapokea chochote, kabla au baada, kwa jina lolote kiitwalo, basi amepokea ujira. Umeona? Hakuna tena cha kikapu wala shukurani. Mlango umefungwa na komeo juu.

Mara nyingine nikikisoma namkumbuka Mabruki akinipa mkono. Basi huugeuza ukurasa.

Mama akiwa radhi kunisalimu, nitumie salamu zake hata neno moja.

Othman


Msuka, Pemba
3 Mei 1960

Othman,

Barua hii naiandika kwa amri ya mama. Amekaa hapa mbele yangu, kila nikisita ananiambia, "Andika."

Khairiya, mke wa Matano jirani yetu, alishikwa na uchungu wiki iliyopita na mtoto akakaa vibaya. Mkunga akasema hospitali. Lori la mbata lilikuwa linapita, Matano akasimama katikati ya njia akalizuia. Dereva akateremka, akamtazama Khairiya, akaanza kulia. Akasema, "Bwana, nkimchukua mtanipa kitu, na msiponipa leo mtanipa kesho, ndivyo mlivyo. Hata maji ya kunywa yameandikwa kuwa ujira. Nna wanangu." Akapanda akaenda zake. Wakamchukua Khairiya kwa kitanda, watu wanne kwa zamu, mpaka Konde penye teksi. Yeye kapona. Mtoto hakupatikana.

Matano alituonyesha karatasi ya kanuni iliyobandikwa dukani. Kifungu cha saba. Mama akaniuliza, "Hino ndiyo ile aliyojisifia Othman?" Nikamwambia ndiyo.

Basi sikiliza. Msimu wa karafuu wa mwaka hamsini na nane mama alishikwa na homa ya mapafu. Ilikuwa Oktoba, mimi peke yangu nyumbani, hawezi kuvuta pumzi. Mabruki alikuwa anapakia karafuu hapo njiani. Hakungoja kuombwa. Alipanga magunia yakawa sawa, akamnyanyua mama na kitanda chake, akamweka juu, nami nikamfunika shuka uso mzima kwa sababu ya vumbi na kwa sababu mama hakutaka kuonekana na watu wa Konde katika hali ile. Alikaa hospitali siku kumi na mbili. Aliporudi, akatengeneza kikapu kwa mkono wake. Kikoi kile alikinunua kwa karafuu zake mwenyewe.

Mgonjwa uliyemwuliza mara tatu alikuwa mama yako.

Hukuambiwa kwa sababu mama alikataza. Alisema umeanza kazi juzi, ukisikia utaacha kila kitu uje, na mawakili wakubwa watakuchukulia mahali pako. Mimi nilitii. Ulipoandika kuwa unakwenda kumpinga Mabruki, nilitaka kukwambia, mama akasema, "Akija atajua, nitamwambia mwenyewe nikimpakulia." Hukuja. Wahenga walisema mficha maradhi kifo humuumbua, lakini sisi tulificha maradhi na aliyeumbuka ni mtu mwengine kabisa. Kila nikimwona mkewe Mabruki njiani napita upande wa pili. Mwaka mzima napita upande wa pili, Othman, mimi mtu mzima.

Mama anasema niandike hivi: kosa la kwanza ni lake, la pili ni langu, lakini lile la babu yake Mabruki ni lako peke yako, hakuna aliyekutuma.

Kazija


Mkunazini, Unguja
19 Mei 1960

Dada Kazija,

Barua yako niliisoma nimesimama, kisha nikaisoma tena nimekaa sakafuni. Karani wangu aliingia akadhani nimefiwa.

Mara tatu! Nilimwuliza mara tatu, na kila mara niliwageukia watu wa chama ili wanione ninavyouliza. Na mama alikuwa chini ya lile shuka. Na mtoto wa Matano. Nilikaa wiki mbili juu ya kile kifungu, nikitafuta maneno ya kuziba kila tundu, nikajisifu kuwa hakuna tundu nililolisahau.

Nimeona aibu ambayo sikuijua kuwa ipo. Sijui nikuandikie nini kuhusu mama. Mbusie mikono yake.

Mabruki nimemwandikia kumwomba radhi. Tena nimekwisha zungumza na mwenyekiti, faragha, bila ya kutaja majina. Mabruki akileta ombi jipya leseni itatoka, na safari hii ya abiria, hata wagonjwa achukue apendavyo. Hakuna atakayeuliza neno. Nimeona hivyo ndivyo bora kwa wote. Kulifungua jambo hili mbele ya watu ni kumwanika mama barazani, na mimi mwenyewe, sikufichi, sitabaki mshauri hata siku moja. Ya Khairiya sina dawa nayo. Nitajaribu kukipunguza makali kifungu cha saba pole pole.

Othman


Konde, Pemba
11 Juni 1960

Kwa Sheikh Othman Ame,

Waalaykum salaam. Barua yako niliipata bandarini, kanipa karani mbele ya mahamali wenzangu. Kwa uzuri wa bahasha walidhani nimerithi.

Umeniomba radhi. Radhi nimekupa, haina uzito, tumekula sahani moja chuoni.

Lakini hiyo leseni ya kupitishiwa mlango wa nyuma siitaki. Si kiburi. Nina watoto wanne na mgongo wangu umeanza kunilalamikia. Leseni ikija kimyakimya, kitabu kitabaki vilevile, kwamba niliapa uongo, na kwamba desturi za hapa si zangu kwa kuwa babu yangu katoka bara. Babu yangu kazikwa Konde. Baba yangu kazikwa Konde, na aliyemwosha ni marehemu baba yako. Siku hizi za siasa watu wanaulizana asili kabla ya kuulizana hali. Kesho mwanangu atakwenda kuomba kazi, na mtu atakifungua kitabu amwonyeshe kwamba yeye si wa hapa, kwa maneno ya wakili mzaliwa wa Msuka.

Ulinitoa mbele ya watu. Nirudishe mbele ya watu.

Unaniuliza kwa nini sikumtaja mama yako, Bi Mwanawema. Tulipopita Wete alinishika mkono, sauti haimtoki sawasawa, akaniapisha kwamba Othman asijue. Mbele ya wakili mwengine pengine ningemtaja, kwa sababu leseni ni chakula cha wanangu. Mbele yako nisingeweza, maana wewe hasa ndiye niliyeapishwa usijue. Uliponiuliza mara ya tatu nilikuonea huruma. Nikasema, huyu siku akija kujua ataumia sana. Ndiyo maana nikakupa mkono. Wewe ulidhani nini?

Nakusalimu.

Mabruki Nyange


Mkunazini, Unguja
30 Oktoba 1960

Dada Kazija,

Naomba usiniandikie tena swali lile moja, kwamba nitasema lini barazani. Najua sijasema. Kila baraza likikaa naingia na maneno yangu mfukoni, natoka nayo.

Hebu nielewe. Uchaguzi unakuja Januari. Maneno ya asili ya mtu siku hizi ni petroli, na mimi nikisimama nikasema kwamba wakili aliyemwita mtu wa kuja alikuwa mwongo, kila chama kitayachukua kwa njia yake. Uchaguzi ukipita, hewa ikatulia, nitasema. Juu ya hayo, kama mshauri naweza kukirekebisha kifungu cha saba. Nikitolewa, nani atakirekebisha?

Nimeyasoma tena haya niliyoyaandika. Ni hoja nzuri, ningeshinda nazo mbele ya mwenyekiti yeyote. Mwambie mama naogopa. Hilo ndilo jibu, dada, hayo mengine ni kazi yangu tu ya kupanga maneno.

Othman


Msuka, Pemba
9 Novemba 1960

Othman,

Nimemwambia. Kasema, "Hata nami naliogopa, ndio mana nkamwapisha Mabruki. Sasa ntazame aliyebeba hofu zetu."

Ijumaa iliyopita nilimwona Mabruki akirudi kutoka Mkoani. Bega moja limeteremka.

Kazija


Chake Chake, Pemba
16 Machi 1961

Dada Kazija,

Naandika hapa hapa Chake kabla joto la mambo halijanitoka. Wewe na mama muisikie kwangu kabla ya kuisikia njiani.

Leo baraza lilikaa. Mabruki alileta ombi lake, akaja na kofia ile ile. Watu wa chama walijaa, Duni akiwa mbele. Mwenyekiti alipouliza kama mshauri ana neno, nikainuka kwenye kiti changu cha kulia nikaenda kusimama pale wanaposimama mashahidi, nikaomba kuapishwa.

Nikasema mgonjwa aliyekuwa juu ya magunia ni Mwanawema binti Hija wa Msuka, mama yangu mzazi. Nikasema kikapu kilikuwa chake, na kwamba hakikuwa ujira, nami nilijua kuwa vikapu vya namna ile si ujira tangu nikiwa mtoto, kwa sababu nimebebeshwa mara nyingi kuvipeleka. Sikukosea siku ile. Nilidanganya. Nikasema pia lile la babu yake. Nilitamka hivi: desturi ya kikapu ni ya kila anayembeba mgonjwa wa mwenzake, na Mabruki Nyange ni mtu wa Pemba kuliko mimi niliyekula karamu Chake na mama yangu ananingoja Msuka.

Mwenyekiti aliniuliza kama najua ninachojifanyia. Nikamwambia ndiyo. Maneno ya zamani yamefutwa kitabuni na haya yameandikwa badala yake. Mabruki kapewa leseni ya abiria. Mimi nimeandika barua ya kujiuzulu kabla ya kuombwa, na watu wa chama walikuja kuchukua majalada yao kabla hata sijatoka ukumbini. Kifungu cha saba kimebaki. Nilijaribu kukitaja, nikaambiwa kwamba mimi si mshauri tena. Niliuliza kanuni huchukua muda gani kubadilishwa, karani akacheka.

Mabruki nilimkuta nje. Nilitaraji nini, sijui. Akaniambia, "Ahsante, Sheikh Othman, umelipa," akaenda zake. Nilibaki nimesimama nikiwa mwepesi, dada, kwa mara ya kwanza baada ya miaka miwili. Nafikiri yamekwisha.

Kesho nakuja Msuka. Mama asipike.

Othman


Msuka, Pemba
12 Septemba 1961

Mdogo wangu Othman,

Mama kapoa, hivyo usishtuke, lakini isome umekaa.

Ile homa ya mapafu ilirudi wiki tatu zilizopita. Safari hii sikukuficha kwa makusudi, ila palikuwa hapana nafasi ya kuandika. Nilituma mtu Konde kumwita Mabruki, naye akaja upesi kabla ya adhuhuri. Lori lake sasa lina mabenchi, na ubavuni limeandikwa nambari ya leseni kwa rangi nyeupe. Alimnyanyua mama mwenyewe, akamlaza, akamtilia mto. Kisha akanigeukia akanyoosha mkono. Nilidhani anataka kunipokea mfuko wa nguo.

"Nauli, Dada Kazija," akasema. "Ya watu wawili."

Akanikatia tiketi mbili. Homa ilikuwa imemshika mama sawasawa, lakini aliona. Njia nzima aliugeuza uso wake kwenye ubao wa lori.

Usidhani alitutendea ubaya. Kwenye mashimo alikwenda taratibu, alisimama mara mbili kumpa mama maji, na hospitali alingoja mpaka daktari akamwona. Hakupunguza kitu. Ila alitukatia tiketi.

Mama aliporudi tu akasema kikapu kiende. Nikamwambia, mama, nauli tumelipa. Akasema nauli ni ya gari. Akakitengeneza mwenyewe, asitake nimsaidie hata kufunga kuku, na akataka tukipeleke sisi wenyewe. Mabruki na mkewe walitupokea kwa heshima, tukatandikiwa mkeka, tukanywa kahawa. Kikapu hakukigusa. Tulipotaka kuondoka alipiga goti mbele ya mama, akambusu mkono.

"Mama, nsamehe. Hicho rudi nacho. Desturi hino ni ya watu wa kuno."

Mama akamwambia, "Mwanangu, si yamefutwa yale? Othman kasimama mbele ya watu kayafuta."

"Yamefutwa kitabuni, nami nashukuru. Wanangu hawatoyakuta." Kisha akasema, "Lakini miaka miwili nabeba magunia Mkoani nkijiuliza, kile kikapu nlikipokea kwa haki gani. Nkikumbuka kuku, nkikumbuka kikoi, nafanya haya. Sasa ntu akinipa nauli najua ni nauli, nalala. Sitaki tena kupewa kitu nkaanza kujiuliza kama ni changu."

Mkewe alikuwa analia. Mama hakulia. Tukarudi na kikapu chetu.

Nilitaka kumpelekea Khairiya, mama kakataa, kasema si chake. Kuku nimewafungua, mchele nimeumimina pipani. Jana baada ya isha mama kaniita, kaniambia nikuandikie, wewe uliyesoma. Anauliza mtu humshukuru vipi mtu asiyetaka tena kushukuriwa. Nikamwambia angoje barua yako.

Dada yako,
Kazija